Ryukyu Golden Kings: ufalme uliobaki kiwanjani

Timu nyingi za basketi nchini Japani hubeba jina la mji au mkoa wao: Chiba, Utsunomiya, Hiroshima. Timu ya mkoa wa Okinawa haijiiti Okinawa. Inajiita Ryukyu Golden Kings, yaani wafalme wa dhahabu wa Ryukyu, na Ryukyu ni ufalme uliofutwa mwaka wa 1879, serikali ya Tokyo ilipomwondoa mfalme Sho Tai na kuvifanya visiwa vyake kuwa mkoa wa Japani. Kwa sisi tunaosoma lugha, jina hilo si dogo.

Lakini tuanze na mchezo. Timu iliingia katika ligi ya bj msimu wa 2007-08, ikamaliza mkiani mwa kanda ya Magharibi. Msimu uliofuata, chini ya kocha Dai Oketani, ikawa bingwa! Ikarudia 2012, 2014 na 2016, na hakuna timu nyingine iliyochukua mataji manne katika ligi hiyo. Siku zile Japani ilikuwa na ligi kuu mbili zisizoelewana, hata FIBA ikaifungia nchi mwaka wa 2014. Dawa ikawa ligi moja, B.League. Mechi yake ya kwanza ilichezwa Tokyo tarehe 22 Septemba 2016: Alvark Tokyo, iliyotoka katika ile ligi nyingine, ikawashinda Ryukyu 80 kwa 75.

Kisiwani kwenyewe basketi ina mizizi. Wamarekani walikitawala toka 1945 hadi 1972, kambi zao bado zipo, na vijana walijifunza mchezo karibu nao. Ryuichi Kishimoto, mmoja wa wachezaji wanaopendwa sana, ni mtoto wa Nago, huko huko Okinawa. Kuanzia 2022 timu ilifika fainali nne mfululizo. Ilishinda moja tu, ile ya 2023 dhidi ya Chiba, Oketani akiwa amerudi kuifundisha.

Sasa jina. Lugha ya Okinawa si Kijapani kilichoharibika. Ni ndugu yake, na sauti zao zinalingana kwa kanuni: panapokuwa na *o* fupi katika Kijapani, Kiokinawa mara nyingi kina *u*, *ki* huwa *chi*. Neno *kotoba*, lugha, linakuwa *kutuba*. Okinawa inakuwa Uchinaa, na Ryukyu inakuwa Ruuchuu. Ni kama Lubumbashi tunavyosema *mutu* pale Mzanzibari anaposema *mtu*, hakuna aliyekosea. Kwa hiyo maelfu wanaoita Ryukyu uwanjani wanautaja ufalme wao kwa matamshi ya waliouondoa.

Matamshi hayo hayakuja yenyewe. Shuleni Okinawa, mtoto aliyesema lugha ya nyumbani alivikwa shingoni kibao kilichoitwa *hogen fuda*, akakaa nacho mpaka amnase mwenzake. Niliposoma habari hiyo sikuhitaji kufafanuliwa: shule yangu ya msingi ilikuwa na kipande cha mti kwa kazi hiyo hiyo, na nilikivaa kwa sababu ya Kiswahili. Mwaka wa 2009 UNESCO iliziorodhesha lugha sita za visiwa vya Ryukyu kuwa hatarini. Mkoa umetenga siku ya kuzikumbuka, 18 Septemba, kwa kuwa tisa, kumi na nane zikisomwa *ku-tu-ba* zinatoa lile neno la lugha.

Je, timu inaweza kuokoa lugha? Siamini. Jina likiwa kwenye jezi bila sentensi nyumbani, linabaki jina. Hata hivyo linamfanya mtoto aulize Ryukyu ilikuwa nini, na kibao kile kiliwekwa ili asiulize.

Machi 2025, Ryukyu waliwashinda Alvark Tokyo katika fainali na kubeba kwa mara ya kwanza kombe la kale la basketi ya Japani. Linaitwa Kombe la Mfalme Mkuu, yule wa Tokyo.