Je, Wajua? Ukiwa Melini, Ufuo Nao Husafiri

Meli ya MV Mbeya II inapoondoka bandari ya Mbamba Bay, abiria aliyeketi huona gati na miembe ya ufuoni vikirudi nyuma. Macho hayamdanganyi: kwa kipimo cha meli, ufuo ndio unaosogea.

Tuseme meli inakwenda kilomita 15 kwa saa, naye abiria ainuke atembee kilomita 4 kwa saa kuelekea tezi. Mvuvi aliyetia nanga mtumbwi wake jirani atamwona bado anasonga mbele, kwa kilomita 11 kwa saa.

Galileo aliligusia jambo hili mwaka 1632: ndani ya meli inayokwenda bila kuyumba, tone la maji hudondoka wima vilevile kama meli imesimama.

Na mvuvi "aliyetulia"? Dunia inamzungusha kwa takriban kilomita 1,640 kwa saa, yeye na samaki wake wa usipa.