Kufikiriwa si Kukubaliwa

Mkopaji aliyekwama huandikia benki barua: deni limefika milioni kumi, mimi ninazo milioni sita, naomba nizilipe kwa mkupuo mmoja tumalizane. Benki inakataa, au inanyamaza kabisa, na siku ya mnada inakaribia. Hapo ndipo watu hukimbilia kwa wakili wakiuliza: mahakama haiwezi kuilazimisha benki ipokee hizo sita?

Nchini India swali hili limebishaniwa hadi mwisho, kwa sababu huko malipo ya namna hiyo yana utaratibu rasmi chini ya miongozo ya Benki Kuu. Mkopaji mmoja wa Bijnor Urban Cooperative Bank, katika jimbo la Uttar Pradesh, aliomba nafuu hiyo akanyimwa. Mahakama Kuu ya Allahabad ikaiamuru benki ilifikirie ombi lake kwa nia ya kulikubali. Maneno hayo ya mwisho ndiyo yaliyoleta rufaa. Ukimwambia meneja alifikirie ombi, umemtaka afungue faili, apime dhamana na kipato cha mkopaji, kisha atoe jibu lenye sababu. Ukimwongezea "kwa nia ya kulikubali", jibu umeshamwandikia wewe.

Tarehe 15 Desemba 2021, Mahakama ya Juu ya India, mbele ya majaji M.R. Shah na B.V. Nagarathna, iliitengua amri hiyo. Punguzo la deni, walisema, si haki ambayo mkopaji anaweza kuidai. Ni uamuzi wa kibiashara wa benki yenyewe. Benki ilikwisha kupima na kuona kwamba dhamana ingetosha kulipia deni. Majaji walihofia pia kwamba mwenye uwezo wa kulipa angeacha makusudi akisubiri punguzo, huku mlipaji mwaminifu akimalizia senti ya mwisho. Naungana nao kwa moyo wote, maana fedha inayokopeshwa ni akiba ya watu wengine. Novemba 2022 mahakama hiyohiyo ilikwenda mbali zaidi: hata benki ikishakubali punguzo, mahakama haina mamlaka ya kumwongezea mkopaji muda wa kulipa nje ya ule waliokubaliana.

Hata hivyo benki haikuachiwa ifanye itakavyo. Mwaka 2009, katika kesi ya Sardar Associates dhidi ya Punjab & Sind Bank, Mahakama ya Juu ilisema miongozo ya Benki Kuu kuhusu punguzo inazifunga benki za umma, wala haziruhusiwi kuwabagua wakopaji kwa kujitungia masharti yao. Na sheria ya India ya 2002, inayoiruhusu benki kukamata dhamana bila kupitia mahakamani, humpa mkopaji notisi ya siku 60. Akileta hoja zake, benki inapozikataa lazima imjibu ndani ya siku 15 na kueleza sababu. Kimya si jibu.

Kwa msomaji wa Kenya, mantiki hii si ngeni. Mwaka 2001, katika kesi ya National Bank of Kenya dhidi ya Pipeplastic Samkolit, Mahakama ya Rufaa ilisema kazi ya mahakama si kuwaandikia watu upya mkataba wao. Lakini Sheria ya Ardhi ya 2012 inamtaka mkopeshaji atoe notisi ya kulipa, kisha nyingine ya siku 40 kabla ya kuuza, na atafute bei bora inayoweza kupatikana. Mali ikiuzwa kwa bei ya kutupa, mwenye mali ana pa kusimama.

Kwa hiyo usingoje dalali abishe hodi. Andika ombi lako notisi ya kwanza inapofika: taja kiasi, tarehe ya kulipa na fedha zitakakotoka, na uambatishe ushahidi wake. Peleka nakala mbili, na yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Bila muhuri huo, itakuwa vigumu kumthibitishia hakimu kwamba benki iliombwa ikakataa hata kukusikiliza.