Namba za ubavuni mwa tairi zisipuuzwe

Wanunuzi wengi wa matairi huuliza bei na ukubwa wa rimu tu. Hilo halitoshi. Tairi lililoandikwa 195/65 R15 91V lina upana wa milimita 195, kimo cha ubavu ni asilimia 65 ya upana huo, na huvalishwa rimu ya inchi 15. Namba inayosahaulika ni 91: tairi hilo hubeba kilo 615, si zaidi. Likifungwa lenye namba ndogo kuliko ile iliyo kwenye kibandiko cha mlango wa dereva, gari likajaa abiria na mizigo, huweza kupasuka. Kwa matairi ya mtumba, zitazamwe pia tarakimu 4 zinazofunga maandishi ya DOT. Tairi lenye 2312 lilitengenezwa wiki ya 23 ya mwaka 2012. Mpira wake umekwishazeeka, hata kama halijawa kipara.