Mpinzani wa Nani?

Gazeti la Jumapili lina wapinzani wa aina mbili. Wa kwanza wako kurasa za nyuma: bondia anasema amemsoma mpinzani wake, anamheshimu, na ndiyo maana amejifua vya kutosha, kocha anasema wapinzani walikuwa wazuri, mechi ilikuwa ngumu. Wa pili wako ukurasa wa mbele: wapinzani wametakiwa, wapinzani wameonywa, wapinzani waache kupotosha wananchi. Neno ni lile lile, herufi nane zile zile. Huku nyuma mpinzani ni mtu unayemhitaji ili mchezo uwepo. Kule mbele ni mtu ambaye heri asingekuwepo.

Ilikuwaje neno moja likagawanyika namna hii? Jibu liko nusu katika sarufi na nusu katika historia ya kura zetu.

Kupinga na kupingana

Tuanze na mzizi. Kupinga ni kukaa, au kuweka kitu, kwa kukingama. Gogo likianguka barabarani limepinga njia. Huko ndiko lilikotoka pingamizi, ambalo padri huwauliza waumini kama wanalo anapotangaza ndoa, na ambalo mgombea huwekewa siku chache baada ya kurudisha fomu. Katika hayo yote kuna upande mmoja unaokwenda na mwingine unaozuia.

Mtu akiinuka kikaoni akapinga hoja kisha akakaa, huyo ni mpingaji. Kazi yake imeisha. Mpinzani ana kitu cha ziada. Herufi g ya pinga imegeuka z, kama jenga inavyomzaa mjenzi, na mwishoni mna -ani ile ile ya mshindani, aliyetokana na shindana. Mtu hashindani peke yake. Vivyo hivyo wapinzani huja wawili wawili: mimi ni mpinzani wako kwa kuwa wewe ni mpinzani wangu. Ndiyo sababu neno hili, likitumiwa kwa ukamilifu, hudai nyongeza: mpinzani wa nani, katika lipi?

Kiswahili hakina uhaba wa majina ya watu wanaowakabili wenzao, na kila jina lina uzani wake. Mchokozi ndiye aliyeanza. Hata akishinda, lawama ni yake. Mbishi hupinga kwa sababu amezoea kupinga, na ukimpa alichotaka atabishana na hicho pia. Hasimu ana kinyongo cha muda mrefu. Adui hatafuti kukushinda, anatafuta kukumaliza. Mshindani ndiye mwenye heshima kuliko wote, na wahenga walimwekea sharti gumu: asiyekubali kushindwa si mshindani. Kwa maana hiyo, wanaojiita washindani ni wengi kuliko wanaostahili jina.

Mpinzani amekaa katikati ya orodha hiyo, kati ya mshindani na hasimu. Anaweza kuvutwa upande wowote. Michezo na sanaa zimemvuta kwa mshindani, siasa ikamvuta kwa hasimu, na siku mbaya zaidi ikamfikisha kwa adui.

Watani, mashemeji na migomba

Viwanjani watu hawakuridhika hata na neno mpinzani. Yanga ilianzishwa mwaka 1935 na Simba mwaka 1936, na uhasama wao unagawa nyumba, ofisi na vijiwe vya kahawa. Hata hivyo jina walilopewa ni watani wa jadi. Utani ni taasisi nzito nchini Tanzania. Mtani anaruhusiwa kukutukana hadi msibani, akazuia mazishi mpaka alipwe chochote, na wewe huna haki ya kununa. Kuziita Simba na Yanga watani ni kuweka mpaka: mzomee, mkebehi, mvalishe jezi ya aibu, lakini kesho mkutane kazini.

Kenya wamefika mahali hapo hapo kwa njia nyingine. AFC Leopards na Gor Mahia, moja yenye mizizi kwa Waluhya na nyingine kwa Wajaluo, wakikutana Nairobi huitwa mashemeji. Jamii hizo zimeoleana vizazi kwa vizazi, na shemeji ni mtu unayeweza kumtania bila kuuvunja ujamaa. Nchi mbili, michezo ile ile, na kila moja imechota neno la undugu ili kumfunga mpinzani asije akawa adui.

Makunduchi, kusini mwa Unguja, jambo hilo linafanywa kwa vitendo. Kila Julai, katika sherehe ya Mwaka Kogwa, wanaume wa pande mbili hutwangana kwa migomba huku wanawake wakiimba na kukejeli. Wazee husema kila mmoja amalize hapo kinyongo alichokibeba mwaka mzima, kisha mwaka mpya uanze. Kibanda kinachomwa, watu wanakula pamoja. Mgomba unauma, lakini hauui, na mahali pa kupigana pamejulikana, na saa ya kuacha pia.

Ngumi nazo zina somo lake. Septemba 2018 bondia wa Tanga, Hassan Mwakinyo, alipanda ulingoni Birmingham kupambana na Mwingereza Sam Eggington. Aliitwa dakika za mwisho, na kwa waandaaji alikuwa mpinzani kwa maana finyu ya biashara ya ngumi: mtu wa kujaza upande wa pili ili bingwa wa nyumbani apate usiku mzuri. Raundi ya pili mwamuzi alisimamisha pambano na Mwakinyo akatangazwa mshindi. Asubuhi yake Watanzania wengi ambao hawakuwahi kulisikia jina lake walikuwa wakilitamka. Mpinzani alitimiza kazi ambayo neno lenyewe linamwahidi: kuwa na nafasi ya kweli ya kushinda.

Malenga hawakuogopa kujibiwa

Kabla ya viwanja na ulingo kulikuwa na ushairi. Mwanzoni mwa karne ya 19, Mombasa na Lamu zilipogombania ukubwa wa pwani, Muyaka bin Haji wa Mombasa alituma beti za kuchokoza, na Zahidi Mngumi wa Lamu akajibu. Vita vya Shela kati ya pande hizo vilipiganwa kwa silaha, ila kujibizana kwa beti kulikuwa na kanuni zake: jibu liwe na vina na mizani, na lisikwepe hoja ya aliyeanza. Tusi lisilo na vina lilikuwa ni kushindwa. Malumbano hayo yalihamia baadaye kwenye kurasa za magazeti, ambako malenga wa Tanga alifumba fumbo na wa Kigoma akalifumbua.

Desturi hiyo ndiyo iliyoupa umbo mgogoro mkubwa wa fasihi yetu, ule wa miaka ya 1970. Kanuni za vina na mizani zilikuwa zimeandikwa na Kaluta Amri Abedi katika kitabu chake cha mwaka 1954. Mwaka 1974 Euphrase Kezilahabi alitoa Kichomi, diwani iliyoziacha kanuni hizo. Wanamapokeo, Saadan Kandoro miongoni mwao, walikataa kuyaita maandishi hayo ushairi. Walishambuliana kwelikweli. Leo mwanafunzi wa kidato cha nne anasoma aina zote mbili, na bila wapinzani wake Kezilahabi asingelazimika kueleza kwa kina alichokuwa anafanya.

Hata mipasho ilijua siri hiyo. Miaka ya 1990 Dar es Salaam iligawanyika kati ya vikundi vya TOT na Muungano, kati ya Khadija Kopa na Nasma Khamis, maarufu kama Nasma Kidogo. Nyimbo zilipigana vijembe, mashabiki wakatunza fedha, kumbi zikajaa. Kila mmoja aliimba vizuri zaidi kwa sababu alijua mwenzake anasikiliza.

Kutoka jembe na nyumba hadi Kambi Rasmi

Sasa turudi ukurasa wa mbele. Watu wengi wanadhani mpinzani wa siasa alizaliwa Tanzania mwaka 1992. Sivyo. Septemba 1965, katika uchaguzi wa kwanza wa chama kimoja, majimbo mengi ya Tanganyika yalikuwa na wagombea wawili, wote wa TANU, mmoja akiwa na alama ya jembe na mwingine nyumba. Walihutubia mikutano ile ile iliyoandaliwa na chama, wakazuiwa kutumia ukabila na dini, na lugha ya kampeni ikawa Kiswahili peke yake. Mawaziri walianguka, akiwemo waziri wa fedha Paul Bomani. Jembe alikuwa mpinzani wa nyumba kwa wiki chache, kwa jambo moja, kisha wote wakabaki wanachama. Mfumo huo ulikuwa na dosari kubwa, kwa kuwa chama na mwelekeo wake havikuguswa, lakini kwa upande wa lugha neno lilibaki na uhusiano wake: mpinzani wa fulani, katika jimbo fulani.

Mwaka 1991 Tume ya Jaji Francis Nyalali iliwauliza wananchi. Zaidi ya robo tatu walitaka chama kimoja kiendelee, na bado tume ikapendekeza vyama vingi kwa ajili ya wale wachache. Julai 1992 sheria ikaanza kufanya kazi. Tangu hapo mpinzani akawa kabila la kisiasa: wapinzani, bila "wa". Ukizaliwa humo umo, hata ukitawala.

Ushahidi uko wazi. Mwaka 2016 diwani wa CHADEMA alichaguliwa kuwa meya wa Jiji la Dar es Salaam. Katika jiji hilo chama chake ndicho kilichoshika uongozi, na kwa mantiki ya neno, mpinzani alikuwa diwani wa chama tawala cha CCM. Magazeti yaliandika kinyume: jiji linaongozwa na upinzani. Upinzani unaoongoza unampinga nani? Hakuna aliyeona kituko hicho, kwa sababu neno lilikwisha kuwa jina la kundi.

Edward Lowassa alikuwa Waziri Mkuu kuanzia 2005 hadi 2008. Julai 2015 alihamia CHADEMA, na Oktoba akapata karibu asilimia 40 ya kura za urais. Machi 2019 alirudi CCM. Kila alipovuka, magazeti yalibadilisha jina lake siku hiyo hiyo, ingawa mtu alikuwa yule yule na sera alizohubiri hazikutofautiana sana.

Kenya neno limebaki laini zaidi, na sababu yake si tabia njema ya wanasiasa. Ni kwamba kiti kimehama. Mwai Kibaki alikuwa Kiongozi Rasmi wa Upinzani, mwaka 2002 akawa Rais. Uhuru Kenyatta, aliyeshindwa na Kibaki mwaka huo, akawa Kiongozi Rasmi wa Upinzani, na mwaka 2013 akawa Rais. Mtu anapojua kwamba mpinzani wa leo anaweza kusaini bajeti ya keshokutwa, hupima maneno yake. Hatari ya Kenya iko upande wa pili: katiba ya 2010 iliacha cheo hicho ikabaki na kiongozi wa chama cha wachache, na mwaka 2024 wanasiasa wa chama cha upinzani cha ODM walipoingia katika baraza la mawaziri la Rais William Ruto, raia alianza kuuliza amebaki nani wa kupinga.

Zanzibar ilijaribu njia ya tatu. Kura ya maoni ya Julai 2010 iliruhusu serikali ya umoja wa kitaifa, na Maalim Seif Sharif Hamad, mpinzani wa CCM kwa miongo, akawa Makamu wa Kwanza wa Rais. Huko mpinzani alikaa meza moja na mshindani wake bila kuacha kuwa mshindani.

Katika Bunge la Muungano, Kambi Rasmi ya Upinzani ilikuwa na mawaziri kivuli na hotuba mbadala za bajeti, ikiongozwa na Hamad Rashid Mohamed na kisha Freeman Mbowe. Baada ya uchaguzi wa 2020 wabunge wa vyama vingine walikuwa wachache mno, na kambi haikuundwa. Kilichobaki kikisikika ukumbini ni ile kauli maarufu, "naunga mkono hoja kwa asilimia mia moja". Hoja isiyo na mpinzani hupita haraka, lakini makosa yake hugunduliwa na mwananchi, kwenye tozo na kwenye foleni ya zahanati.

Linalowezekana kufanyika

Wakati mpinzani anageuzwa kuwa tusi, neno jingine limepanda cheo: changamoto. Zamani lilimaanisha kitu kinachokuchochea ujipime nguvu. Leo shule isiyo na madawati ina changamoto, barabara iliyokatika ni changamoto. Shida zimepewa jina la mpambano, na watu wa mpambano wamepewa jina la shida. Vyote viwili vinamfaa mwenye madaraka: shida haina mwenye kulaumiwa, na anayeuliza habari zake anaonekana mkorofi.

Wahariri wanaweza kuanza na jambo dogo sana, kumrudishia mpinzani "wa" yake. Mbunge aliyepinga tozo aandikwe hivyo: mpinzani wa tozo. Diwani wa CCM katika halmashauri inayoongozwa na chama kingine aitwe mpinzani wa halmashauri hiyo, maana ndiye. Mwanachama wa chama tawala anayepinga muswada wa chama chake naye apewe jina hilo bila kuitwa msaliti. Msomaji ataona mara moja kwamba hakuna mtu ambaye ni mpinzani wa kila kitu, na kwamba karibu kila mmoja wetu ni mpinzani wa kitu fulani.