Pia Ndani ya Kamera: Kazi ya Jost Vacano

Pia ya mtoto husimama wima juu ya ncha yake maadamu inazunguka. Kasi ikipungua huyumba, kisha huanguka. Kanuni hiyo hiyo ndiyo iliyomwezesha mpiga picha wa sinema wa Ujerumani, Jost Vacano, kukimbia na kamera mkononi ndani ya nyambizi bila ya kumtia mtazamaji kizunguzungu.

Vacano alizaliwa Osnabrück mwaka 1934. Miaka ya 1960 alifanya kazi nyingi za televisheni, na mwaka 1975 alipiga picha za filamu Die verlorene Ehre der Katharina Blum. Mtihani wake mkubwa, hata hivyo, ulikuwa Das Boot ya mwongozaji Wolfgang Petersen, iliyotoka mwaka 1981, inayohusu mabaharia wa nyambizi ya Kijerumani katika Vita Kuu ya Pili.

Nyambizi za aina ile zilikuwa na urefu wa mita 67 hivi, lakini watu waliishi ndani ya bomba la chuma lenye kipenyo kisichofika mita 5, nalo limejaa mitambo na vitanda. Mfano wake ulijengwa katika studio karibu na Munich, juu ya mitambo iliyouinamisha huku na huku. Kwa desturi ukuta mmoja huondolewa ili kamera ipate nafasi. Vacano alitaka kamera ibaki ndani, katika dhiki ile ile ya mabaharia.

Basi alifunga kwenye kamera ndogo ya Arriflex jairoskopu mbili, yaani magurudumu mazito yanayozungushwa kwa kasi kubwa. Gurudumu la namna hiyo hupinga kila jaribio la kugeuza mwelekeo wa mhimili wake. Mwanafunzi anaweza kulihakikisha jambo hili kwa kushika ekseli ya gurudumu la baiskeli linalozunguka, kisha ajaribu kuliinamisha. Lakini gurudumu halipingi mzunguko unaoufuata mhimili wake lenyewe. Kwa hiyo moja halitoshi.

Hata mawili hayamalizi kazi. Jairoskopu hupinga kugeuka, haizuii kamera kupanda na kushuka kwa hatua za mkimbiaji. Hapo magoti ya mpiga picha hufanya kazi ya springi, nayo lenzi husaidia. Chukua kamera iliyotikisika kwa nyuzi 1. Kwa lenzi yenye umbali wa fokasi wa milimita 50, taswira husogea juu ya filamu kwa milimita 0.87, kwa lenzi ya milimita 18, husogea milimita 0.31 tu. Picha yenye upana wa milimita 22 ikikuzwa hadi mita 8, tofauti hiyo huwa ya sentimita 32 kwa 11. Mtikiso mdogo uliobakia haukuwa kasoro. Pengine ndio uliomfanya mtazamaji ajione kuwa mmoja wa wale wanaokimbia.

Kazi hiyo ilimpatia Vacano uteuzi wa tuzo ya Oscar mwaka 1983. Baadaye alikwenda Marekani, akapiga picha za RoboCop (1987) na Total Recall (1990). Nayo Das Boot iliendelea kuuzwa, na mwaka 1985 ilionyeshwa kwa sehemu katika televisheni ya Ujerumani.

Ujira wa Vacano ulikuwa umekwisha kulipwa zamani. Sheria ya hakimiliki ya Ujerumani humruhusu mtunzi kudai nyongeza iwapo mapato ya kazi yake yamezidi mno malipo aliyopewa, naye akaenda mahakamani. Kesi ilidumu zaidi ya miaka 10. Mahakama zilimhesabu kuwa mmoja wa watunzi wa filamu, wala si fundi wa kukodiwa tu. Kilichobishaniwa mbele ya Mahakama Kuu ya Shirikisho mwaka 2020 ni namna ya kukokotoa haki yake.