Presha: Ni nani huamua kipimo kipi ni hatari?

WAGONJWA wengi wa presha mijini huzijua nambari zao kama wazijuavyo zile za vitambulisho. Huyu atakuambia ana 150 kwa 95, yule 138 kwa 86. Mmoja huandikiwa tembe, mwingine huambiwa apunguze chumvi na arudi kliniki baada ya miezi 3. Lakini wakienda kwa daktari mwingine, huenda wakaambiwa kinyume kabisa. Hapo ndipo maswali huanza. Je, madaktari hawa wanakisia tu? Na ikiwa hata wao hawaafikiani, kuna haja gani ya mtu kumeza dawa kila siku ilhali hahisi maumivu yoyote?

Hilo si swali la kupuuzwa. Shinikizo la damu, ambalo wengi wetu huliita presha, huharibu mishipa, moyo, figo na ubongo kimya kimya kwa miaka mingi. Mgonjwa anayetupa tembe zake kwa kuchoshwa na ushauri unaobadilika huenda asihisi tofauti yoyote, hadi siku atakapopatwa na kiharusi. Kwa sababu hiyo, ni vyema kila anayetumia dawa hizi aelewe nambari anazotajiwa zilitoka wapi, ni nani aliyeziidhinisha na kwa nini hazikai mahali pamoja.

Nambari ya kwanza huonyesha nguvu ya damu wakati moyo unapoisukuma. Ya pili ni nguvu hiyo moyo unapopumzika kati ya pigo moja na jingine. Zote mbili hupimwa kwa milimita za zebaki. Mashine inaweza kusoma nambari hizo, lakini haiwezi kusema ni ipi inayohitaji dawa. Uamuzi huo hufanywa na wanadamu, na historia yake ni ndefu.

Rais aliyefariki

Aprili 12, 1945, Rais Franklin D. Roosevelt wa Marekani alifariki akiwa na umri wa miaka 63 baada ya damu kuvuja ubongoni. Siku hiyo presha yake ilifika 300 kwa 190. Ilikuwa imepanda kwa miaka kadhaa, na madaktari wake walikuwa wakiipima.

Tatizo halikuwa uzembe. Siku hizo hapakuwa na dawa za maana za kuishusha presha. Isitoshe, wataalamu wengi wa enzi hiyo waliamini kwamba mishipa ya mtu ikikakamaa, mwili huhitaji nguvu zaidi ili kuipitisha damu. Kwa maoni yao, kuishusha presha hiyo kungemdhuru mgonjwa. Huo ulikuwa msimamo wa mabingwa, si uvumi wa mitaani.

Mwaka 1948 watafiti walianza kuwafuatilia wanaume na wanawake 5,209 katika mji wa Framingham, jimbo la Massachusetts. Waliwapima tena na tena kwa miaka mingi, wakaandika ni nani aliyeugua na ni nani aliyesalia mzima. Ilibainika kwamba kadiri presha ya mtu ilivyokuwa juu, ndivyo hatari ya kupatwa na kiharusi au maradhi ya moyo ilivyozidi.

Hata hivyo, kujua kwamba presha na kiharusi huandamana si sawa na kujua kwamba tembe zitamwokoa mgonjwa. Ushahidi huo ulipatikana mwaka 1967, wakati watafiti wa hospitali za wanajeshi wastaafu nchini Marekani, wakiongozwa na Daktari Edward Freis, walipotangaza matokeo yao. Walikuwa wamewachukua wanaume 143 ambao nambari yao ya chini ilikuwa kati ya 115 na 129, wakawagawa kwa bahati nasibu katika makundi mawili. Watu 73 walipewa dawa, na 70 wakapewa tembe zisizo na dawa ndani yake.

Baada ya muda usiofika miaka miwili, watu 27 katika kundi lisilopata dawa walikuwa wamepatwa na madhara makubwa. Katika kundi la dawa walikuwa 2 pekee. Utafiti ulisimamishwa mapema, kwani haingekuwa haki kuendelea kuwanyima wengine dawa. Mwaka 1970 watafiti hao walionyesha kwamba hata wenye nambari ya chini ya kati ya 90 na 114 walinufaika.

Mpaka unaohama

Swali lililofuata lilikuwa gumu zaidi: tiba ianzie wapi? Presha haina ukuta unaowatenganisha wazima na wagonjwa. Hatari hupanda polepole kama mlima, na mtu asiye na budi kuchora mstari huuchora mahali ambapo ushahidi unamruhusu.

Mwaka 1978 Shirika la Afya Duniani (WHO) liliuweka mstari huo kwenye 160 kwa 95. Kufikia mwaka 1999 shirika hilo lilikuwa limeuteremsha hadi 140 kwa 90. Miili ya watu haikuwa imebadilika katika miaka hiyo. Kilichobadilika ni ushahidi, kwani tafiti zilizidi kuonyesha kwamba hata waliodhaniwa kuwa salama walikuwa wakiumia.

Wazee ni mfano mzuri. Kwa muda mrefu madaktari wengi waliona si ajabu nambari ya juu ya mtu kuwa 100 ukiongeza umri wake. Mzee wa miaka 75 mwenye 175 aliambiwa hiyo ni kawaida ya uzee. Kisha mwaka 1991 yakatangazwa matokeo ya utafiti wa watu 4,736 wa umri wa miaka 60 na zaidi ambao nambari yao ya juu pekee ndiyo iliyokuwa imepanda. Waliopewa dawa, wakianzia tembe za bei nafuu za kupunguza maji mwilini, walipata kiharusi kwa asilimia 36 chini ya wenzao. Tangu hapo usemi kwamba hiyo ni kawaida ya uzee umekosa mashiko.

Mabingwa wakitofautiana

Msomaji asidhani kwamba wataalamu hao hukaa mezani na kukubaliana bila mvutano. Mwishoni mwa mwaka 2013 jopo la wataalamu 17 nchini Marekani lilitoa mwongozo mpya. Lilipendekeza kwamba watu wa umri wa miaka 60 na zaidi waanzishiwe dawa nambari ya juu ikifika 150 badala ya 140. Wanachama 5 wa jopo hilo walikataa. Mapema mwaka 2014 walichapisha maoni yao, wakionya kwamba kulegeza kipimo kungewaweka wazee hatarini. Aliyeongoza kuyaandika ni Daktari Jackson Wright.

Mwaka uliofuata Daktari Wright alikuwa miongoni mwa walioongoza utafiti mwingine uliotikisa ulimwengu wa tiba. Watu 9,361 wa miaka 50 na zaidi, waliokuwa katika hatari ya maradhi ya moyo, waligawanywa makundi mawili. Kundi moja lilitibiwa ili nambari ya juu iwe chini ya 140, jingine iwe chini ya 120. Utafiti huo ulikatizwa kabla ya wakati wake, mwaka 2015. Katika kundi la 120, mshtuko wa moyo, kiharusi na matatizo mengine ya aina hiyo, yakijumlishwa pamoja, yalipungua kwa asilimia 25, na vifo kwa asilimia 27.

Lakini kulikuwa na gharama. Katika kundi hilohilo, visa vya presha kushuka kupita kiasi, kuzirai na figo kuathirika viliongezeka. Aidha, wenye kisukari na waliowahi kupata kiharusi hawakuwa wamehusishwa. Matokeo hayo basi hayangeweza kuvishwa kila mgonjwa kama sare ya shule.

Kutoka kwa ushahidi huo mmoja, wataalamu walifikia maamuzi tofauti. Mwaka 2017 Wamarekani waliteremsha mpaka hadi 130 kwa 80. Mwaka 2018 wenzao wa Ulaya walibaki kwenye 140 kwa 90. Mtu wa 134 kwa 82 akawa mgonjwa akiwa New York, lakini akishuka kwenye ndege London hangeitwa hivyo. Hata huko Marekani, si wote walioitwa wagonjwa walioandikiwa tembe. Wasiokuwa katika hatari kubwa walitakiwa kuanza kwa kubadili chakula na kufanya mazoezi.

WHO nalo, katika mwongozo wake wa mwaka 2021, lilisema dawa zianzishwe kwenye 140 kwa 90, na kwa wale ambao tayari wana maradhi ya moyo au mishipa, nambari ya juu ikifika 130.

Na sisi Waafrika je?

Hapa ndipo msomaji wa Kenya anapaswa kutega sikio. Tafiti nyingi zilizounda miongozo hii zilifanywa Marekani na Ulaya, na dawa isiyo na kasoro huko si lazima iwe bora kwetu.

Mwaka 2002 yalitolewa matokeo ya utafiti mkubwa wa Marekani uliolinganisha aina kadhaa za dawa kwa watu zaidi ya 33,000. Tembe kongwe za kupunguza maji mwilini hazikushindwa na zile mpya za bei ghali. Miongoni mwa Wamarekani weusi, waliotumia lisinoprili walipata kiharusi kwa wingi kuliko waliotumia tembe hizo kongwe. Lakini Mmarekani mweusi si Mwafrika wa Eldoret, wala hali ya hospitali zao si kama ya zetu.

Jibu la kutoka barani lilipatikana mwaka 2019. Watafiti wakiongozwa na Daktari Dike Ojji wa Nigeria waliwashirikisha wagonjwa weusi 728 kutoka Kenya, Uganda, Nigeria, Cameroon, Msumbiji na Afrika Kusini. Walilinganisha mchanganyiko wa dawa mbili mbili kati ya dawa tatu zinazotumiwa sana. Baada ya miezi 6 ilionekana kwamba mchanganyiko wowote wenye amlodipini uliishusha presha zaidi kuliko ule usiokuwa nayo. Tofauti ilikuwa takriban milimita 3 katika nambari ya juu. Kwa mtu mmoja ni kidogo, lakini kwa mamilioni ya watu tofauti kama hiyo hupunguza viharusi vingi.

Kenya ilikuwa imechangia ujuzi huu hata kabla ya hapo. Mwaka 1990 yalichapishwa matokeo ya utafiti uliowafuatilia Waluo waliohama kutoka mashambani magharibi mwa nchi kuja Nairobi. Mmoja wa watafiti wake, Neil Poulter, alishiriki pia katika ule wa mwaka 2019. Presha ya wahamiaji hao ilianza kupanda miezi michache tu baada ya kufika jijini, huku mikojo yao ikionyesha kwamba walikuwa wakila chumvi zaidi ikilinganishwa na madini ya potasiamu, ambayo hupatikana katika matunda na mboga. Wenzao waliobaki nyumbani hawakupatwa na mabadiliko hayo. Kwa maneno mengine, maisha ya mjini yenyewe ni sehemu ya ugonjwa.

Uchunguzi wa kitaifa wa mwaka 2015 ulionyesha kwamba karibu Mkenya mmoja kati ya kila wanne wenye umri wa miaka 18 hadi 69 ana presha iliyo juu. Zaidi ya nusu ya watu hawakuwa wamewahi kupimwa hata mara moja. Kwa hao, mabishano kuhusu 130 au 140 hayana maana yoyote kwanza.

Ufanye nini?

Kwanza, hakikisha unapimwa ipasavyo. Keti ukiwa umeegemea kiti kwa dakika 5, miguu ikiwa sakafuni, mkono umewekwa mezani usawa wa moyo, na usizungumze. Usinywe kahawa wala kuvuta sigara nusu saa kabla ya kupimwa. Kipimo kimoja kilichochukuliwa ukiwa umetoka kukimbilia matatu hakitoshi kukuita mgonjwa, isipokuwa kiwe juu sana.

Pili, uliza. Mwulize daktari au afisa wa kliniki: "Lengo langu ni nambari gani, na kwa nini?" Mweleze kama una kisukari, matatizo ya figo au umewahi kupata kiharusi, kwani mambo hayo hubadilisha jibu. Mwulize pia kama kuna dawa ya bei nafuu inayofanya kazi sawa na uliyoandikiwa. Mara nyingi ipo. Mwanamke mjamzito au anayetarajia kupata mimba anapaswa kusema hivyo mapema, kwani baadhi ya dawa hizi hudhuru mtoto tumboni.

Tatu, usiache dawa kwa sababu umesoma gazetini kwamba nambari imebadilika, wala kwa sababu kipimo cha jana kilikuwa kizuri. Huenda kilikuwa kizuri kwa sababu ya hizo tembe. Ukihisi kizunguzungu au madhara mengine, rudi kliniki ili kipimo cha dawa kirekebishwe.

Miongozo itabadilika tena, na hiyo si dalili kwamba madaktari wanabahatisha. Roosevelt alitibiwa na watu waliofuata ujuzi wa siku zao, na ni kwa sababu ujuzi huo ulipingwa na kupimwa upya ndipo leo mgonjwa wa Kariobangi anaweza kupata tembe ambazo rais wa taifa tajiri hakuzipata. Wahenga walisema kuuliza si ujinga. Nenda kapimwe, na ukishajua nambari yako, uliza maana yake.