Henry Kotani: Mpigapicha Aliyebadilisha Mwanga wa Filamu ya Kijapani

Historia ya filamu aghalabu huhifadhi majina ya waelekezi na waigizaji, ilhali mpigapicha husahaulika. Maisha ya Henry Kotani yanadhihirisha ukweli huo. Kotani alizaliwa Hiroshima mnamo 1887, akahamia Marekani angali mdogo. Huko alianza kama mwigizaji katika studio ya Thomas Ince, kisha akajiunga na kampuni ya Famous Players-Lasky, alikofunzwa ufundi wa kamera na Alvin Wyckoff, mpigapicha wa mwelekezi mashuhuri Cecil B. DeMille.

Mnamo 1920, Shochiku, kampuni iliyokuwa imejikita katika sanaa ya jukwaani, ilianza kutengeneza filamu katika studio yake ya Kamata, Tokyo. Kwa pendekezo la DeMille, ilimwalika Kotani. Wakati huo filamu nyingi za Kijapani zilikuwa mithili ya mchezo wa jukwaani uliopigwa picha: kamera ilitulia mahali pamoja, nafasi za kike ziliigizwa na wanaume, naye msimulizi aitwaye benshi akawaeleza watazamaji kisa. Mwanga nao ulikusudiwa tu kufanya vitu vionekane.

Kotani alianzisha matumizi ya viakisi, yaani vibao vya kurudisha mwanga. Jua likimwangaza mwigizaji kutoka nyuma, uso wake huingia gizani. Kiakisi huurudisha mwanga huo usoni, kivuli kikalainika na mwigizaji akajitenga na mandhari. Hivyo, hata katika filamu isiyokuwa na sauti, uso ukaweza kueleza hisia bila kumtegemea msimulizi.

Isitoshe, Kotani alielekeza filamu kama vile Shima no Onna (1920) na Gubijinso (1921). Hiyo ya pili ndiyo iliyomtambulisha Sumiko Kurishima, aliyekuja kuwa miongoni mwa nyota wa kwanza wa kike katika filamu za Japani.

Hata hivyo, urithi mkuu wa Kotani, aliyefariki mwaka 1972, haumo katika uelekezi. Filamu nyingi za Kijapani za enzi hiyo zimepotea. Kilichosalia ni ujuzi aliowarithisha wapigapicha chipukizi wa Kamata, nao wakauendeleza. Kwa hiyo, mhakiki anayeisoma filamu kupitia jina la mwelekezi pekee huacha nusu ya kazi bila mwenyewe. Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni.